Vigezo vya kuomba kazi serikalini na kesi zake: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya hurudi kila tangazo la ajira za umma linapotoka, na hurudi kwa uchungu zaidi siku orodha ya walioitwa kwenye usaili inapobandikwa. Majibu yameandikwa kwa ajili ya mwombaji ambaye si mwanasheria. Sheria za nchi hutofautiana, kwa hiyo kesi zinazotajwa humu zinaonyesha jinsi majaji wanavyolipima jambo. Hazimaanishi kwamba mahakama ya kwenu inalazimika kuzifuata.

## Mambo ya msingi

Sifa za lazima, sifa za ziada na vigezo vya mchujo vinatofautianaje?

Sifa ya lazima ni ile ambayo usipokuwa nayo maombi yako hayasomwi zaidi. Sifa ya ziada ni ile inayotajwa kwa maneno kama "atapewa kipaumbele" au "itakuwa nyongeza". Kuikosa hakukuondoi. Vigezo vya mchujo huwekwa na kamati pale waombaji wanapokuwa wengi kuliko inavyoweza kuwasaili, mathalani kuchukua wenye alama za juu tu.

Ugomvi mwingi huzaliwa pale sifa ya ziada inapogeuzwa kimyakimya kuwa ya lazima. Ndiyo maana huwa nawaambia watu wachapishe tangazo siku ileile linapotoka, wachukue kalamu, wapigie mstari kila "lazima", kila "awe na", kila "au". Neno "au" limewahi kubeba kesi nzima: "shahada ya uhasibu au fani inayofanana nayo" si sawa na "shahada ya uhasibu".

Kwa nini serikali ibanwe kuhusu vigezo, wakati kampuni binafsi inajichagulia?

Kampuni binafsi nayo ina mipaka, hasa kwenye ubaguzi. Lakini kazi ya umma hulipwa kwa kodi ya watu wote, na mikataba ya kimataifa imeitaja kwa jina. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa wa mwaka 1966, ibara ya 25, unampa kila raia haki ya kuingia katika utumishi wa umma wa nchi yake kwa masharti ya usawa. Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu wa mwaka 1981 unasema jambo hilohilo katika ibara ya 13. Katiba ya Ujerumani, ibara ya 33, inataja mizani yenyewe: kufaa, uwezo na utendaji wa kitaaluma.

Kwa hiyo mwajiri wa umma akiulizwa "kwa nini umeweka kigezo hiki?" hawezi kujibu kwamba ameamua tu. Anadaiwa sababu.

Nikitimiza vigezo vyote, kazi ni haki yangu?

Hapana. Haki yako ni kufikiriwa kwa haki, kwa kipimo kilekile wanachopimwa wenzako. Mahakama ya Juu ya India ilisema mwaka 1991 kwamba hata aliye kwenye orodha ya waliofaulu hana haki isiyopingika ya kupewa nafasi. Papo hapo ikaongeza kwamba serikali haina ruhusa ya kuziacha nafasi wazi kiholela. Sehemu zote mbili za kauli hiyo zina uzito, na waombaji wengi huikumbuka moja tu.

## Je, kigezo chenyewe ni halali?

Mahakama hupimaje kama kigezo ni cha haki?

Kesi inayofundisha zaidi ilitoka Kanada mwaka 1999. Mwanamke mmoja alikuwa mzimamoto wa misitu katika jimbo la British Columbia. Alikuwa ameifanya kazi hiyo kwa miaka mitatu, na aliifanya vizuri. Serikali ikaleta vipimo vipya vya mwili, kimojawapo kukimbia kilomita 2.5 kwa dakika 11. Alijaribu mara nne. Muda wake bora ulikuwa dakika 11 na sekunde 49.4. Kwa sekunde hizo 49.4 akapoteza kazi.

Mahakama ya Juu ya Kanada haikuuliza kama wazimamoto wanahitaji pumzi. Wanahitaji, kila mtu anajua. Iliuliza maswali matatu. Kwanza, kigezo kimewekwa kwa lengo linalohusiana kweli na kazi? Pili, kiliwekwa kwa nia njema, kwa kuamini kuwa kinahitajika? Tatu, na hapa ndipo serikali iliposhindwa, je, kiwango hichohicho ni cha lazima, kiasi kwamba mtu asiyekifikia hawezi kupokelewa bila mwajiri kupata shida isiyovumilika? Hakukuwa na ushahidi kwamba anayekimbia kwa dakika 11 na sekunde 49 hawezi kuzima moto kwa usalama. Mwanamke yule alirudishwa kazini.

Mizani ya namna hii ina mizizi ya zamani. Mkataba namba 111 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1958, unasema kutofautisha watu kwa sababu ya matakwa ya asili ya kazi yenyewe si ubaguzi. Na mwaka 1971 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikataa mwajiri kudai cheti cha sekondari na mitihani isiyoonyeshwa kuwa na uhusiano na kazi, pale masharti hayo yalipowaondoa watu weusi kwa wingi. Mwajiri huyo alikuwa kampuni ya umeme, lakini mwaka 1972 sheria iliyotumika ilipanuliwa ikawagusa na waajiri wa serikali.

Je, kigezo cha urefu au uzito kinaruhusiwa?

Mara nyingi huanguka, kwa sababu huonekana cha usawa huku kikiwaondoa wanawake. Mwaka 1977 Mahakama ya Juu ya Marekani iliangalia masharti ya jimbo la Alabama kwa askari magereza: urefu wa futi 5 na inchi 2, uzito wa pauni 120. Takwimu zilionyesha kwamba masharti hayo mawili kwa pamoja yangewaondoa zaidi ya asilimia 40 ya wanawake, na chini ya asilimia moja ya wanaume. Jimbo lilidai kimo ni nguvu. Mahakama ikajibu kwamba kama nguvu ndiyo inayotakiwa, basi ipimwe nguvu yenyewe. (Jibu hilo litumie popote unapokuta kigezo kinachopima kivuli cha kitu badala ya kitu chenyewe.)

Ulaya nako, mwaka 2017, Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya ilitazama sharti la Ugiriki la mita 1.70 kwa kila anayetaka kuingia chuo cha polisi, mwanamume kwa mwanamke. Ilibainisha kwamba hadi mwaka 2003 polisi hao hao walikuwa wakiwapokea wanawake wa mita 1.65, na kwamba si kila kazi ya polisi inahitaji mabavu.

Na ukomo wa umri?

Hapa majibu yamegawanyika, na mgawanyiko wenyewe ndio somo. Mahakama hiyo ya Ulaya mwaka 2010 iliruhusu ukomo wa miaka 30 kwa wazimamoto wa Frankfurt. Mwaka 2014 ikaukataa ukomo wa miaka 30 kwa polisi wa manispaa ya Oviedo, Hispania. Mwaka 2016 ikaruhusu miaka 35 kwa polisi wa jimbo la Basque, nchi ileile.

Kilichotofautisha ni kazi na ushahidi. Polisi wa Oviedo walikuwa na majukumu mchanganyiko ya kusaidia wananchi na kuangalia magari, na tayari palikuwa na jaribio kali la mwili. Sasa umri ulikuwa unaongeza nini? Polisi wa Basque walikuwa wa operesheni, na mamlaka ilileta takwimu kuonyesha kikosi kinazeeka na hakitaweza kugawana kazi nzito. Ukiona ukomo wa umri, usiishie kusema "ni ubaguzi". Uliza kazi ya kila siku ni ipi, na mwajiri ameleta karatasi gani kuthibitisha.

Serikali inaweza kuwakataa wasio raia au wasio wakazi wa eneo?

Kwa nafasi zinazoshika mamlaka ya dola, mara nyingi ndiyo. Kwa kazi za kawaida, si lazima. Mwaka 1973 Mahakama ya Juu ya Marekani iliifuta sheria ya New York iliyowafungia wageni nafasi za kudumu za utumishi wa jimbo zinazopatikana kwa mtihani wa ushindani. Mwaka 1978 mahakama hiyohiyo ikaruhusu jimbo hilo kudai uraia kwa askari wake. Afrika Kusini, mwaka 1997, Mahakama ya Katiba ilibatilisha kanuni iliyowanyima walimu wa kigeni ajira ya kudumu, ikitazama zaidi wale waliokwisha kupewa ukaazi wa kudumu: umemruhusu mtu aishi hapa maisha yake yote, kisha unamzuia kufundisha?

Sharti la ukaazi ni jepesi zaidi kulitetea. Jiji la Philadelphia liliruhusiwa mwaka 1976 kudai watumishi wake waishi ndani ya jiji.

Nilikataliwa kwa lugha, ingawa kazi hiyo haihitaji lugha hiyo.

Usikimbilie kudhani utashinda. Mwaka 1989 mwalimu wa sanaa kutoka Uholanzi alishindwa katika hoja hiyo huko Ireland, ingawa somo lake lilifundishwa kwa Kiingereza. Mahakama ya Ulaya ilikubali kwamba nchi inaweza kuikuza lugha yake ya taifa kupitia walimu, mradi kiwango kinachodaiwa kisizidi kipimo na kisitumike kibaguzi. Kinachopingika kwa urahisi zaidi ni kiwango cha juu kupita kazi, au kudai lugha ithibitishwe kwa cheti kimoja tu.

Vipimo vya afya vinaweza kuwa kigezo?

Vinaweza, vikipima uwezo wa kufanya kazi. Haviwezi kupima hofu. Mwaka 2000 Mahakama ya Kazi ya Namibia iliamua kwamba mtu asinyimwe kuingia jeshini kwa sababu tu ana virusi vya UKIMWI, wakati vipimo vya kinga yake vinaonyesha bado ana nguvu. Mwaka huohuo Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini iliamuru shirika la ndege la umma limwajiri mhudumu wa ndege aliyekuwa amekataliwa kwa sababu hiyohiyo. Katika kesi zote mbili, ushahidi wa daktari ulikuwa na uzito kuliko sera ya mwajiri.

## Tangazo, tarehe na karatasi

Wanaweza kubadilisha vigezo baada ya tangazo kutoka?

Kanuni ya jumla ni kwamba hawawezi kubadilisha sheria za mchezo katikati ya mchezo. Novemba 2024 majaji watano wa Mahakama ya Juu ya India waliithibitisha kanuni hiyo katika kesi ya watafsiri wa mahakama moja ya jimbo: nafasi zilikuwa 13, mtihani ukafanyika, kisha ndipo ikaamuliwa kwamba wa kuchukuliwa ni wenye asilimia 75 na kuendelea. Majaji walisema vigezo vya kustahili vilivyotangazwa mwanzoni mwa mchakato havibadilishwi njiani, isipokuwa kanuni zilizopo au tangazo lenyewe liwe limeruhusu.

Wakaacha mlango mmoja wazi. Mwajiri anaweza kuweka alama za chini za kufuzu hatua fulani ikiwa anafanya hivyo kabla hatua hiyo haijafika, na kanuni hazimzuii. Kwa hiyo angalia tarehe: kigezo kilitajwa kabla ya watu kuingia chumba cha mtihani, au baada ya majina kujulikana? Kikitajwa baada ya majina, hoja yako ina miguu.

Matokeo yangu yalitoka wiki moja baada ya dirisha la maombi kufungwa. Nihesabiwe?

Kwa kawaida hapana. Siku ya kupimia ni tarehe ya mwisho ya kupokea maombi, labda tangazo liseme vinginevyo. Inauma, hasa ukijua mtihani uliufanya mapema na ni chuo kilichochelewa kutoa matokeo. Sababu yake ni ya haki kwa watu usiowaona: wapo walioisoma tarehe ile, wakajua hawajafika, wakaacha kuomba. Ukihesabiwa wewe, wao wameonewa.

Cheti changu ni cha jina lingine, lakini kinalingana na kilichotakiwa.

Tangazo likisema "au kinacholingana nacho", mwajiri anapaswa kuuchunguza ulinganifu huo. Lisipotaja, mahakama nyingi hazitamwamulia. Mahakama ya Juu ya India ilisema mwaka 2018 kwamba ulinganifu wa sifa ni jambo la serikali kama mwajiri kuamua, na jaji asipanue sifa zilizowekwa. Tafuta barua ya ulinganifu kutoka mamlaka ya vyuo au ya mitihani kabla ya kuomba. Barua iliyopatikana baada ya kukataliwa hukutana na tatizo la swali lililotangulia.

Majina yangu hayafanani kwenye vyeti vyote.

Hili ndilo linaloniumiza kuliko yote, kwa sababu humwangusha mtu aliyetimiza kila kitu. Nilikaa na dada mmoja tukipanga karatasi zake mezani. Cheti cha kuzaliwa kina majina matatu, cha sekondari kina mawili, na kwenye shahada herufi moja ya jina la baba imebadilika. Alikuwa amefaulu vizuri. Alikatwa kwenye uhakiki kwa sababu ya herufi hiyo, na kiapo cha majina alichoapa kwa wakili kilikuwa nyumbani, hakukipakia kwenye mfumo.

Fanya kiapo au hati ya kubadili jina mapema, kisha ipakie pamoja na vyeti hata kama hukuombwa. Mahakama hutofautisha kukosa sifa na kukosa karatasi ya kuthibitisha sifa, na kwa la pili huwa na huruma zaidi. Lakini tangazo likiwa limeandika wazi kwamba maombi yasiyo na kiambatisho fulani yatakataliwa, huruma hiyo hupungua sana.

Miaka ya kujitolea au mafunzo kazini huhesabiwa kama uzoefu?

Inategemea maneno ya tangazo. "Uzoefu wa kazi" huacha nafasi ya kubishana. "Uzoefu baada ya kuhitimu" au "uzoefu katika ajira" hufunga mlango. Omba barua inayotaja tarehe na majukumu uliyofanya, si ile ya kusema tu ulikuwa kijana mwadilifu.

## Kupinga uamuzi

Nianzie wapi?

Andika barua ya kuomba sababu, ukinukuu namba ya tangazo na kigezo unachoamini umekitimiza. Tunza nakala yenye muhuri wa kupokelewa, au barua pepe. Kisha tumia rufaa ya ndani au ya tume ya utumishi kama sheria yenu inayo, kwa kuwa majaji wengi humrudisha mtu aliyeiruka ngazi hiyo. Ndipo mahakama, mara nyingi kwa njia ya mapitio ya uamuzi wa kiutawala, yaani jaji kukagua kama uamuzi ulifuata sheria. Ukidai ubaguzi, huenda ukawa na njia nyingine kupitia mahakama ya kazi.

Nina muda gani?

Mfupi kuliko unavyofikiri. Uingereza, maombi ya mapitio hupelekwa haraka na kwa kawaida si zaidi ya miezi 3. Ufaransa na Hispania kawaida ni miezi 2. Ujerumani ni kali zaidi kwa nafasi za watumishi wa kudumu: walioshindwa hupewa taarifa na kama wiki mbili za kuomba zuio, kwa sababu mwenzako akishateuliwa, uteuzi huo kwa kawaida hautenguliwi tena. Mara nyingi siku huanza kuhesabiwa uamuzi unapotolewa au unapoujua, na usitegemee kwamba barua za kubembeleza ofisini zitasimamisha saa.

Nilijua kigezo ni kibaya, nikafanya usaili, nikashindwa. Naweza kukipinga sasa?

Tarajia upinzani mkali. Mahakama nyingi husema aliyeshiriki kwa hiari akiujua utaratibu hawezi kuugeukia baada ya kushindwa, na India imelisema hilo kwa uwazi tangu mwaka 1995. Kama kigezo kinakukera, andika pingamizi kabla ya usaili, kisha ushiriki. Barua hiyo moja inaweza kuokoa shauri lako.

Sikuomba kabisa, kwa sababu tangazo lilinitaja kuwa sistahili. Nina kesi?

Unaweza kuwa nayo. Katika kesi ya Alabama iliyotajwa kwenye swali la urefu, mahakama ilikubali takwimu za taifa badala ya orodha ya waombaji, kwa sababu anayejua atakataliwa haombi. Onyesha kwamba uliitaka nafasi na ulikuwa na sifa nyingine zote.

Nikishinda, nitapewa kazi?

Mara nyingi utarudishwa kwenye mchakato ufikiriwe upya. Amri ya kuajiriwa moja kwa moja, kama ile ya mhudumu wa ndege, ni nadra zaidi. Na wakati mwingine mchakato wote hufutwa: Kenya, mwaka 2014, Mahakama Kuu ilibatilisha usajili wa makurutu 10,000 wa polisi kwa kasoro za uendeshaji, na walioingia kihalali wakapoteza pamoja na walioingia kwa mlango wa nyuma. Ndiyo maana waliochaguliwa nao wanapaswa kuitwa mahakamani wasikilizwe.

## Mambo ya pembeni

Je, mtu anaweza kukataliwa kwa kuwa na elimu kupita kiasi?

Ndiyo, na mahakama zimekubali. Mwaka 2000 mahakama ya rufaa ya shirikisho nchini Marekani iliuunga mkono mji wa New London uliomkataa mwombaji wa upolisi kwa sababu alipata alama 33 wakati mji uliwahoji wenye 20 hadi 27, ukihofia wenye akili nyingi wangechoka na kuondoka. Naamini hukumu hiyo ilikosea kwa mantiki, ila ndivyo ilivyo. Mwaka 2020 India nayo ilikubali kufutwa kwa uteuzi wa mhudumu wa ofisi wa benki ya umma: tangazo lilisema mwenye shahada asiombe, naye aliificha. Kuficha ndiko kulikomponza zaidi.

Mwajiri anaweza kufuta mtihani kwa sababu hapendi waliofaulu?

Hatari. Jiji la New Haven, Marekani, lilitupa matokeo ya mtihani wa kupandishwa vyeo wazimamoto likihofia kushitakiwa na watu weusi, na likashitakiwa na waliofaulu. Mwaka 2009 Mahakama ya Juu iliwapa ushindi waliofaulu kwa kura 5 dhidi ya 4, ikisema hofu ya kesi haitoshi bila ushahidi wenye nguvu. Haki ya mtihani hutengenezwa kabla haujafanyika.

Niliajiriwa, miaka ikapita, sasa wanasema sikuwa na sifa.

Kuna watu wa aina mbili hapa. Aliyewasilisha cheti cha kughushi hana pa kushika, hata akiwa na miaka ishirini kazini. Tanzania, uhakiki uliokabidhiwa kwa Rais Aprili 2017 ulitaja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Lakini aliyeweka kila kitu wazi, mwajiri akakosea kusoma, ana hoja nzuri: apewe nafasi ya kusikilizwa, muda aliotumikia uzingatiwe, na mshahara wa kazi aliyokwisha kuifanya usidaiwe urudi. Ukiwa wa aina hii ya pili, tafuta fomu yako ya awali ya maombi kabla ya kuandika utetezi. Ikiwa ndani yake uliandika ukweli, nakala hiyo ndiyo iwe kiambatisho cha kwanza.